Fedha Iliyopotea Njia na Haki ya Kuidai

Hotuba ya Kamati iliyosomwa mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka



Kamati yenu imetupa kazi ya kusema nanyi juu ya jambo linalowagusa watu wengi, nalo ni fedha iliyokusudiwa kufika mahali fulani ikafika mahali pengine, au isifike kabisa. Mzee amestaafu kazi ya Serikali. Aambiwa na ofisi kwamba kiinua mgongo chake kimekwisha kulipwa, naye akienda benki aambiwa hakuna kitu. Mjane alipa ada ya ardhi, na karani aiandika kwa namba ya shamba la mtu mwingine. Mweka hazina wa kikundi atuma mchango wa mazishi kwa simu, tarakimu moja yakosewa, na fedha ya waliofiwa yaangukia mkononi mwa mtu asiyejulikana. Mwingine apata barua ya kumwambia kwamba miaka minne iliyopita alilipwa kupita kiasi, na sasa arudishe.

Katika mambo haya yote neno husikika moja: "Imekwenda, basi." Wengine husema mwenye nguvu mpishe, kwa kuwa benki ni kubwa, na Serikali ni kubwa zaidi. Twapenda kuwaeleza leo kwamba sheria haisemi hivyo. Fedha iliyolipwa kwa makosa haigeuki kuwa mali ya aliyeipokea kwa sababu tu imo mkononi mwake, awe ni mtu, au benki, au Hazina ya Serikali. Lakini sheria hiyo hiyo humsaidia yule anayeamka mapema, mwenye karatasi zake, anayeandika barua. Hayo ndiyo mambo mawili tutakayoyashika mpaka mwisho: haki ipo, na haki ina muda wake.

Yafaa tuanze na mzizi. Mwaka 1760, katika shauri la Moses na Macferlan, Lodi Mansfield, aliyekuwa jaji mkubwa huko Uingereza, alieleza kwamba mtu aliyepokea fedha ambayo kwa haki na kwa dhamiri njema hastahili kukaa nayo hulazimika kuirudisha. Miongoni mwa mifano aliyoitoa ni fedha iliyolipwa kwa makosa. Mwaka 1841 likaja shauri la Kelly na Solari. Mtu mmoja alikuwa amekata bima ya maisha, akafa kabla ya kulipa ada iliyokuwa imefika wakati wake, na kwa hiyo bima ilikuwa imekatika. Wakurugenzi wa kampuni walikuwa wamearifiwa jambo hilo, lakini wakalisahau, wakamlipa mjane wake. Baadaye walidai fedha irudi. Mahakama ilisema kwamba aliyelipa kwa kuamini jambo lisilokuwa kweli aweza kudai, hata kama alikuwa mzembe wa kukumbuka. Asiyeweza kudai ni yule aliyekusudia kulipa bila kujali kama jambo ni kweli au si kweli.

Pengine mzee mmoja atauliza: maamuzi ya Waingereza wa zamani yatuhusu nini sisi wa Kenya? Yatuhusu kwa sababu Sheria ya Mahakama ya mwaka 1967 inasema kwamba, pale ambapo Katiba na sheria zilizoandikwa hazikutoa mwongozo, mahakama zetu zifuate sheria ya mazoea ya Uingereza kama ilivyokuwa tarehe 12 Agosti 1897, kwa kadiri hali ya nchi na watu wake iruhusuvyo. Maamuzi ya 1760 na 1841 yako ndani ya mpaka huo. Maamuzi ya baadaye hayawafungi mahakimu wetu, lakini huyasikiliza na mara nyingi huyafuata.

Kabla hatujasema juu ya fedha yetu iliyo mikononi mwa wengine, adabu yatutaka tuseme kwanza juu ya fedha ya wengine iliyo mikononi mwetu. Mtu akiona asubuhi kwamba akaunti yake au simu yake imeongezeka shilingi 30,000 asizozijua, asiseme Mungu amemkumbuka. Dawa ya deni ni kulipa, na hili ni deni tangu saa alipojua. Tena Sheria ya Makosa ya Kompyuta ya mwaka 2018 imesema wazi kwamba mtu anayeficha au kuzuia kwa makusudi malipo ya elektroniki yaliyomfikia kwa makosa, ambayo yalipasa kumfikia mwingine, atenda kosa la jinai. Adhabu yake ni faini isiyozidi shilingi 200,000, au kifungo kisichozidi miaka 2, au vyote viwili. Mwanachama aliyepata fedha ya namna hiyo asiiguse, aiarifu benki au kampuni ya simu, na aweke kumbukumbu ya siku aliyoarifu. Wala asiirudishe kwa namba ya mtu aliyempigia simu tu na kudai kuwa ndiye mwenyewe, kwa maana wadanganyifu hutumia njia hiyo. Airudishe kupitia benki au kampuni yenyewe.

Tusidhani kwamba makosa haya ni ya watu wadogo tu. Mwezi wa Agosti 2020, benki ya Citibank ya Marekani ilikusudia kuwatumia waliokopesha kampuni ya Revlon riba tu, ikawatumia karibu dola milioni 900. Baadhi yao walirudisha. Wengine walikataa kurudisha kiasi cha dola milioni 500, wakisema kwamba walikuwa wakiidai kampuni hiyo kwa kweli. Mahakama ya kwanza, Februari 2021, iliwaruhusu wabaki nazo. Mahakama ya rufani ilitengua hukumu hiyo Septemba 2022, kwa kuwa siku ya deni lenyewe ilikuwa haijafika. Ikiwa benki kubwa namna hiyo yaweza kukosea na kwenda kortini kudai, mwanachama wetu aone haya gani kudai shilingi zake?

Sasa twageukia fedha inayotoka Serikalini kuja kwetu. Tutoe mfano, ili jambo lionekane. Tuseme mzee amestaafu, na ofisi inayolipa yaandika namba ya akaunti yake, lakini tarakimu mbili zabadilishana mahali. Malipo yafika benki, nayo benki yaona jina na namba havipatani. Haiwezi kumpa mtu yeyote, basi yaiweka katika akaunti ya kusubiri, kisha huenda ikairudisha ilikotoka. Katika daftari za ofisi ile ya kwanza bado imeandikwa "amelipwa". Karani wa ofisi asema ukweli anaouona. Karani wa benki naye asema ukweli anaouona. Na mzee azunguka kati ya milango miwili mpaka viatu vyaisha. Hakuna mwizi hapa. Kuna fedha iliyokaa mahali pasipokuwa na mtu wa kuitafuta.

Mzee huyu asiulize tena "fedha yangu iko wapi", kwa kuwa swali hilo lajibiwa kwa mdomo tu. Aombe kwa maandishi mambo manne: namba ya hati ya malipo, tarehe fedha ilipotoka, jina la benki na namba ya akaunti ilikotumwa, na taarifa ya kama ilirudishwa, na siku gani. Akizipata habari hizo, apeleke nakala benki, aombe ijibu kwa maandishi ilipokea nini siku hiyo na ilifanya nini. Mara nyingi majibu haya mawili yakiwekwa pamoja juu ya meza moja, kosa huonekana lenyewe, na fedha huombwa ilipwe upya bila korti.

Kama fedha ilitoka kwa hundi na mtu mwingine akaghushi sahihi ya mwenyewe, sheria ya hati za malipo ya Kenya yasema kwamba sahihi ya kughushi haina nguvu yoyote. Habari ya Marekani yatufundisha jinsi hasara inavyogawanywa kati ya Serikali na benki katika jambo kama hilo. Mwaka 1936 mfanyakazi mmoja wa miradi ya Serikali ya nchi hiyo aliandikiwa hundi ya dola 24 na senti 20. Hundi haikumfikia, iliibwa, na mtu asiyejulikana alighushi sahihi yake, akaitumia dukani katika mji wa Clearfield, jimbo la Pennsylvania. Duka likaipeleka benki ya mji huo, benki ikaithibitisha na kulipwa na Serikali. Mfanyakazi aliarifu mwezi wa Mei 1936 kwamba hajapata malipo yake, lakini benki haikuambiwa neno mpaka Januari 1937. Benki ilisema kwamba Serikali imechelewa, kwa hiyo imepoteza haki. Shauri lilifika Mahakama ya Juu ya Marekani, ikaamua mwaka 1943 kwamba kuchelewa peke yake hakutoshi. Anayelalamikia ucheleweshaji sharti aonyeshe ulimdhuru vipi. Benki ikabeba hasara.

Twaona mambo mawili hapo. La kwanza, dola 24 zilihesabiwa kuwa haki ya kutosha kupelekwa mahakama ya juu kabisa ya nchi kubwa. La pili, yule mfanyakazi alisema mapema kwamba hajalipwa, na baadaye akaapa kiapo cha maandishi kwamba sahihi si yake. Bila maneno yake ya mapema na kiapo chake, Serikali isingekuwa na msingi wa kudai.

Njia ya pili ni fedha inayotoka kwetu kwenda Serikalini. Mtu hulipa kodi mara mbili, au hulipa ada katika akaunti ya idara isiyohusika, au hutozwa ada ambayo sheria haikuiweka. Wengi hukata tamaa wakidhani kwamba kilichoingia Serikalini hakitoki. Mwaka 1992 Baraza la Malodi la Uingereza, katika shauri la chama cha Woolwich na wakusanya kodi, liliamua kwamba kodi iliyotozwa bila idhini ya sheria hurudishwa kama haki ya mlipaji, wala si kama hisani ya mtozaji. Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 210, nayo yasema kwamba hakuna kodi wala ada ya leseni itakayotozwa ila kwa mujibu wa sheria. Kwa kodi iliyolipwa kupita kiasi, Sheria ya Taratibu za Kodi ya 2015 inaruhusu maombi ya kurudishiwa, na kwa kodi ya mapato muda wake ni miaka 5 tangu ilipolipwa. Kodi nyingine zina muda mfupi zaidi, kwa hiyo yafaa kuuliza bila kukawia.

Njia ya tatu ndiyo inayowatisha wazee kuliko zote: barua ya Serikali inayosema "ulilipwa zaidi, rudisha". Hatuwezi kuwaambia kwamba barua hiyo ni bure. Katika shauri la bodi ya bandari ya Auckland, New Zealand, baraza la rufani huko London lilisema kwamba fedha iliyotoka katika mfuko mkuu wa Serikali bila idhini ya Bunge imetoka kinyume cha sheria, na Serikali yaweza kuifuata. Katiba yetu nayo, katika kifungu cha 206, yakataza fedha kutoka katika mfuko huo bila idhini. Fedha ya Serikali ni ya watu wote, na ofisa mmoja hana ruhusa ya kuigawa kwa kukosea.

Lakini barua si hukumu. Tazameni yaliyotokea Australia. Tangu mwaka 2015 Serikali ya huko ilitumia mashine za hesabu kuwadai watu waliopata msaada wa Serikali, ikichukua mapato ya mwaka mzima na kuyagawa sawasawa kwa vipindi vya majuma mawili mawili, kana kwamba kila mtu hupata kiasi kile kile kila majuma mawili. Watu maskini waliandikiwa madeni wasiyokuwa nayo, na wengi walilipa kwa hofu. Novemba 2019 mahakama ilikubali kwamba deni lililohesabiwa hivyo halikuwa na msingi wa sheria. Mei 2020 Serikali ilitangaza kwamba itarudisha dola milioni 721 za nchi hiyo, kwa madeni 470,000. Tume ya uchunguzi ilitoa ripoti yake Julai 2023 na kuulaumu mpango huo vikali. Basi mwanachama akipata barua ya namna hiyo asikimbie, wala asilipe siku hiyo hiyo. Aombe hesabu: nililipwa lini, kiasi gani, nilistahili kiasi gani, na kwa sheria ipi. Sheria ya Utendaji wa Haki wa Kiutawala ya 2015, pamoja na kifungu cha 47 cha Katiba, zampa haki ya kupewa sababu kwa maandishi na kusikilizwa kabla ya kuumizwa na uamuzi. Kama alipokea kwa nia njema na akaitumia kwa namna ambayo asingeitumia kama angalijua, aseme hivyo. Mahakama za Uingereza tangu mwaka 1991, katika shauri la Lipkin Gorman, zimekubali kwamba aliyepokea kwa nia njema na hali yake ikabadilika kwa sababu hiyo aweza kujitetea. Na hata ikiwa deni ni la kweli, aweza kuomba alipe kidogo kidogo.

Tumesema haki ipo. Sasa tuseme ngazi za kuipandia, moja baada ya nyingine.

Ngazi ya kwanza ni karatasi. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Risiti, ujumbe wa simu, taarifa ya benki na barua ya kustaafu ndivyo vitakavyosema kortini. Ujumbe wa simu hufutika, kwa hiyo unakiliwe daftarini pamoja na namba yake na saa.

Ngazi ya pili ni barua ya madai, yenye tarehe, kiasi, na ombi lililo wazi, ikipelekwa kwa mkono na nakala kupigwa muhuri wa kupokelewa. Fedha iliyotumwa kwa simu iarifiwe saa ile ile, maana ikiwa haijatolewa bado ni rahisi kuizuia.

Ngazi ya tatu ni kuomba habari. Kifungu cha 35 cha Katiba chatupa haki ya kupata habari iliyo mikononi mwa Serikali, na pia iliyo mikononi mwa mtu mwingine ikiwa twaihitaji ili kulinda haki yetu. Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 yaruhusu ombi liandikwe kwa Kiingereza au kwa Kiswahili, na ofisi ya umma hutakiwa kujibu ndani ya siku 21. Mzee asiyejua kuandika asirudi nyumbani kwa aibu, kwani sheria yamtaka ofisa amsaidie ili ombi lake lipokewe.

Ngazi ya nne ni wasimamizi. Malalamiko juu ya benki hupelekwa kwanza kwa benki yenyewe, kisha kwa Benki Kuu ya Kenya. Malalamiko juu ya ofisi ya Serikali inayokawia au kunyamaza hupelekwa kwa tume iliyoundwa kwa sheria ya 2011, ambayo watu huijua kwa jina la Ombudsman, na ambayo neno lake ni kwamba hata mnyonge ana haki. Ngazi hii haina gharama ya wakili. Tena mahakama yaweza kukataa kumsikiliza mtu aliyeikimbilia kabla ya kumaliza njia za ndani zilizowekwa na sheria.

Ngazi ya tano ni korti. Tangu Aprili 2021 nchi yetu ina Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanza Milimani, Nairobi, na baadaye ikaenea katika miji mingine. Hupokea madai yasiyozidi shilingi 1,000,000, na sheria yake yataja wazi madai ya fedha ambayo mtu ameipokea na kuishika isiyokuwa yake. Mdai aweza kujisemea bila wakili, na shauri lapaswa kukatwa ndani ya siku 60 tangu lilipofunguliwa. Kwa fedha iliyo mikononi mwa benki au mtu binafsi, hii ndiyo korti ya wanachama wengi.

Wanachama, sasa tusikilizane vizuri, kwa maana hapa ndipo wengi hupotelea. Chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Madai ya mkataba kati ya watu, au kati ya mtu na benki, yana muda wa miaka 6. Ya madhara yana miaka 3. Kwa madai yanayotokana na makosa, sheria yaweza kuanza kuhesabu siku makosa yalipogunduliwa, au siku ambayo mtu makini angaliyagundua. Lakini Serikali ina sheria yake ya muda. Juu yake madai ya mkataba ni ndani ya miaka 3, na madai ya madhara, pamoja na uzembe wa ofisa, ni ndani ya miezi 12 tu. Kuandikiana barua na ofisi hakusimamishi saa. Mtu aweza kujibiwa kwa upole mwaka mzima, "suala lako linashughulikiwa", na mwezi wa 13 akaambiwa kortini kwamba amechelewa. Ushauri wetu ni huu: kwa jambo lolote linalohusu Serikali, wekeni alama katika kalenda miezi 12 tangu siku ya kosa, na mwezi wa tisa usipite bila kumwona wakili.

Zamani ilikuwa lazima kuipa Serikali ilani ya siku 30 kabla ya kuishtaki. Mahakama Kuu, katika uamuzi wa mwaka 2012, ilisema kwamba kumfungia mtu mlango kwa kukosa ilani hiyo ni kinyume cha haki ya kufika mbele ya sheria. Hata hivyo ni hekima kuitoa, kwa kuwa mara nyingine ilani yamaliza jambo.

Na mtu akishinda Serikali, asidhani atapeleka dalali kukamata magari ya wizara. Sheria ya Mashauri ya Serikali yakataza kukamata mali yake, na tangu mwaka 2015 serikali za kaunti nazo zina kinga hiyo. Njia iliyowekwa ni kwamba mshindi aomba korti impe cheti cha hukumu, na cheti hicho hupelekwa kwa ofisa mwenye mamlaka ya hesabu za wizara au kaunti, ambaye analazimika kulipa. Asipolipa, mshindi aenda Mahakama Kuu kuomba amri ya kumshurutisha atimize wajibu wake. Naye akikaidi amri hiyo, aweza kuadhibiwa yeye mwenyewe kwa kuidharau mahakama. Njia hii ni ndefu, na wako walioshinda wakadhani wameshindwa kwa sababu hawakujua hatua ya cheti.

Jambo la mwisho lawahusu warithi. Fedha iliyosahauliwa katika akaunti ya benki kwa miaka 5 bila mwenyewe kuigusa hupelekwa kwa mamlaka ya Serikali inayotunza mali za fedha zisizodaiwa, iliyowekwa kwa sheria ya 2011. Haipotei huko. Mwenyewe, au warithi wake wakiwa na hati za mirathi, waweza kuidai wakati wowote. Basi familia iliyoambiwa na benki kwamba akaunti ya marehemu "haipo tena" iulize swali la pili: salio lake lilipelekwa wapi?

Bwana Mwenyekiti, Kamati yaleta mbele ya Mkutano huu maombi manne. Kwanza, Chama kiwe na daftari moja la madai, ambamo kila mwanachama aliyekosewa ataandikisha jambo lake pamoja na siku ya kosa na siku ya mwisho ya sheria. Pili, fedha yoyote ya Chama isitumwe kabla watu wawili hawajaisoma namba kwa sauti, mmoja akisoma na mwingine akilinganisha na jina. Tatu, vijana wetu waliosoma wapewe zamu ya kuwaandikia wazee barua zao na kuwasindikiza ofisini. Nne, mwanachama yeyote asimlipe mtu anayejitokeza mlangoni kusema kwamba anajua mtu ndani ya ofisi; nguvu ya madai yetu ni karatasi zilizopigwa muhuri.

Kamati si wakili, na kwa jambo zito tutamwelekeza mwanachama kwa wakili mwenye leseni. Lakini barua ya kwanza haihitaji wakili. Mwenye fedha iliyopotea njia asingoje mkutano mwingine wa mwaka: daftari litafunguliwa leo hapa mezani mara baada ya mkutano, na Mwandishi wa Chama atakaa mpaka wa mwisho aandikwe. Twawaomba wazee wenye barua mifukoni waje wa kwanza.